Kiti cha kando ya kamera

Mwanangu,

Hujambo? Sisi huku wazima. Umeniuliza kama ukubali ile kazi ya usaidizi wa kuteua waigizaji, au itafanya watu wasahau kwamba nawe ni mwigizaji. Nimeisoma barua yako mara mbili, na mara zote kilichonijia ni kile kiti cha kando ya kamera.

Msaidizi mpya huanzia hapo, kuwasomea wenzake maneno ya mhusika wa upande wa pili kwenye odisheni, yale majaribio ya waigizaji. Kaa ubavuni mwa lenzi, karibu uiguse stendi, macho yako yawe sawa nayo kwa urefu. Ukijitenga pembeni, mwigizaji atakugeukia na kamera itabaki na sikio lake. Soma kwa sauti ya chini kuliko yake, maana maikrofoni iko karibu nawe. Usiigize, ila usisome kama unasoma risiti. Mpe kitu cha kujibu. Masikio kwanza, mdomo baadaye. Wimbo wangu huo unaujua.

Unamkumbuka yule dada aliyekuja kuigiza nafasi ya mhasibu, uliyemsomea ulipokuwa likizo? Kabla ya kukana kwamba kachukua fedha, alinyamaza, akawa anavigusa vidole vyake kimoja kimoja kama anavihesabu. Wewe ukadhani amesahau, ukamrushia maneno yanayofuata. Kwa sauti kubwa! Nami nikaituma video hivyo hivyo, teki moja, yaani rekodi moja, badala ya mbili, kwa kuwa muda wa kutuma ulikuwa unakwisha. Hakuitwa tena. Kosa si lako, ni langu. Teki ya pili ingechukua dakika 3. Ingawa, kusema kweli, ungenyamaza tu.

Haya, yamepita. Ukishaangalia klipu 60 za mhusika mmoja, utajua kinachowaangusha watu: dirisha nyuma ya kichwa na uso umekuwa giza, simu imesimamishwa wakati waliambiwa ilazwe, radhi inaombwa kabla hata kazi haijaanza. Na utaona wengi wanaachwa bila kosa lolote. Labda wa kucheza kaka yake keshapatikana na hawafanani. Ukilijua hilo, ukikataliwa unalala usingizi wako. Lynn Stalmaster wa Marekani aliigiza kwanza, akaja kuwa mteuzi, na mwaka 2016 akapewa Oscar ya heshima. Lakini yeye uigizaji aliuacha, kwa hiyo mfano huu unanigeuka.

Kinachonitia wasiwasi ni ratiba. Wiki ya mwisho kabla ya kupiga picha simu hazilali, unathibitisha tarehe za kila mtu, na ndiyo wiki utakayoitwa kwenye odisheni yako mwenyewe. Ruhusa ya kwenda iandikwe kwenye mkataba. Ahadi ya mdomo usiikubali. Na nafasi unayoitafutia watu usijiteue. Mwongozaji akikutaka mwenyewe, mtu mwingine asimamie nafasi hiyo, nawe usiziguse klipu za wenzako.

Sisemi ukubali. Sisemi ukatae pia. Ulimi unaniwasha, na unajua unaelekea wapi, lakini umri wa kuamuliwa umeshaupita. Ila ukikaa kwenye kile kiti, masikio kwanza.

Baba yako anauliza ile stendi ya taa bado unayo, au ulimpa mtu.

Mama