Jibu: Nianze na kamera au kuzamia?

Ndugu, umeuliza kama mwanafunzi wa biolojia ya bahari anayetaka kurekodi filamu chini ya maji aanze na kamera au kuzamia, na kwa nini video zako hutoka bluu tupu.

Anza na kuzamia. Mpaka uweze kuelea pale pale bila kupanda, kushuka wala kupunga mikono, kamera ni mzigo tu: mapezi yatatifua mchanga na kuvunja matumbawe. Mwanabiolojia anayevunja matumbawe ili apate picha, sijui anarekodi nini.

Hiyo bluu ni kwa sababu maji humeza mwanga mwekundu kwanza. Kufikia mita 5 hivi sehemu kubwa imeshapotea. Beba kibao cheupe, na kila ukishuka mita chache ielekezee kamera hapo ipime upya weupe, yaani ijirekebishe rangi kwa kutumia cheupe hicho. Taa hurudisha wekundu, ila kwa umbali wa mita moja au mbili tu, kwa hiyo tumia lenzi pana na usogee karibu. Usizifunge juu ya lenzi. Zitamulika chembe zinazoelea na picha itajaa vidoa vyeupe. Zitenge pembeni kwa vishikio virefu vilivyofungwa kwenye kamera, zielekee nje kidogo.

Kasha linalokinga kamera na maji laweza kuvuja kwa unywele mmoja tu kwenye pete ya mpira inayoziba mlango wake. Ifute, ipake grisi ya silikoni kidogo sana, kisha zamisha kasha tupu kwanza.

Kila shoti ishikilie sekunde 10 bila kutikisika, na andika spishi, kina na saa siku hiyo hiyo.