Jibu kwa mleta uzi: dole gumba siyo ruhusa

Mkuu, weka kamera chini kwanza. Umesema unakuja Kasulu, huku Kigoma, mwezi ujao kurekodi wazee waliokimbia Burundi 1972, fomu za ridhaa umeshachapisha, umebakiza kuuliza kamera, maiki na kibali. Halafu ukamalizia, "si walishapewa uraia 2014, hakuna noma." Hapo chai ikanipalia.

Noma ipo. Uraia ule wa watu wapatao 162,000 ulikuwa wa makazi ya wakimbizi ya Katumba, Mishamo na Ulyankulu. Waliovuka wakajichanganya vijijini huku kwetu, wakaoa na kupanda michikichi, hawakuwamo. Na kwa vile Kiha chetu na Kirundi vinasikilizana, hata Muha wa kuzaliwa huku anaweza kuulizwa babu yake kazikwa wapi.

Mimi nilimrekodi bibi mmoja. Amekaa kwenye kigoda anachambua maharage, anasimulia alivyovuka mto Malagarasi usiku, mtoto mgongoni, maji ya kifua. Mikono haikusimama hata mara moja. Mungu anisamehe, mimi moyoni nikasema hii ni tuzo. Fomu akaipiga dole gumba, wino akafutia kwenye kanga. Kurasa mbili za Kiswahili cha mahakamani, nilimsomea mbio mbio kama mnadi mitumba.

Nilifundishwa hivyo! Jamaa wa warsha niliyoilipia laki tatu Dar alituambia, "Ukishapata sahihi, lala usingizi." Amelala yeye, na laki tatu zangu.

Nikakata kionjo cha sekunde 40, nikakirusha WhatsApp kujitamba. Kikazunguka. Mwanawe alikuwa anafuatilia kitambulisho cha taifa, siku hiyo mtu wa ofisini akamwekea simu mezani: "Huyu siyo mama yako?" Faili likalala miezi 14. Kazi ya udereva aliyoahidiwa ikaenda kwa mwingine.

Nilikwenda kuomba radhi na sukari kilo mbili, utadhani napeleka posa. Yule kijana hakunitukana, bora angenitukana. Alinivutia kiti, akaomba aione filamu nzima. Ndiyo mara ya kwanza mtu wa nyumba ile kuiona! Bibi alicheka alipojiona. Tulipofika mtoni akanishika mkono: "Hapo toa. Hapo nilikuwa nakwambia wewe."

Kwa hiyo, mkuu: rekodi, kisha rudi na kompyuta, akae yeye na wanawe, waone kila kitu, ndipo uombe ruhusa. Wakisema toa, toa, hata kama ndipo ulipolia. Kabla ya hapo usimtumie hata mchumba wako.

Kibali anzia Bodi ya Filamu. Kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu ina kibali chake, cha Mambo ya Ndani, usijipeleke langoni na kamera begani. Maiki chukua ya kubana kwenye nguo. Kamera niulize kingine, yangu niliiuza.

Mto niliutoa. Filamu imebaki dakika 19, na tatu kati ya hizo bibi anachambua maharage tu, kimya.