Lipia Kutembezwa Mji Wako Mwenyewe

Mimi nimezaliwa Mombasa, nimesoma Mombasa, na kwa miaka zaidi ya kumi nimepita mbele ya ngome ya Fort Jesus karibu kila siku nikikimbilia kazini, na nikwambie ukweli mpaka mwaka juzi nilikuwa sijaingia ndani tangu ile safari ya shule ya msingi, ile ya kuchomwa na jua, mkate na soda, halafu basi lirudi. Mji wa Kale kwangu ulikuwa njia ya mkato ya kwenda sokoni Marikiti. Basi.

Aliyenitoa tongotongo ni mwana wa mamangu mdogo anayekaa Nakuru. Alikuja likizo akaniambia, wewe ndio mwenyeji, nizungushe. Tukaingia vichochoroni, akaanza kuuliza. Hii nyumba ya nani? Kwa nini mlango una misumari ya shaba? Kwa nini hii roshani imetokeza hivi kama inataka kuanguka? Mimi nikawa najibu "ni ya zamani". Kila kitu ya zamani. Swali la nne akanitazama tu akacheka, nikaona aibu wallahi.

Basi siku ya pili tukasema tutafute mtu wa kututembeza (nataka kumwita kwa lile neno la Kizungu lakini ukiliandika kwa Kiswahili linakuwa gaidi, na mimi sitaki kuitiwa polisi). Na hapa ndipo kosa letu la kwanza, likunufaishe wewe. Tulimchukua aliyetudaka getini. Hatukuuliza bei, hatukuuliza muda, hatukuuliza tunaenda wapi, tulifuata tu kama mbuzi wa idi. Jamaa alitutembeza dakika arobaini mbio mbio, anatusemesha Kizungu mpaka nikamwambia kaka sisi wote hapa tunasikia Kiswahili, akafika kwenye mlango mmoja mzuri wa nakshi akatuambia ile misumari ya shaba ni ya kuzuia ndovu wasivunje mlango. Ndovu! Hapa Kibokoni, mtaa wa Mji wa Kale! Angesema viboko ningemwelewa kidogo. Hiyo habari ya ndovu inasimuliwa juu ya milango ya Bara Hindi, huku kwetu misumari ni urembo na kuonyesha mwenye nyumba ana uwezo. Safari ikaishia kwenye duka la vinyago ambapo alijulikana sana, na bei alipoitaja ilikuwa mara tatu ya tuliyokuwa tumewaza.

Kwa hiyo: bei kabla ya hatua ya kwanza, na muda, na mnapoishia. Ulizia pale pale makumbusho ya Fort Jesus nani ana kitambulisho cha kazi hiyo, na ukishampata muulize swali moja ambalo mimi sasa ndio kipimo changu: "Wewe umekulia mtaa gani?" Mwenye kukulia Kibokoni au Kuze ana vitu ambavyo havimo kwenye kile kikaratasi cha wageni. Na ukimsikia anasema "hilo sina hakika nalo", huyo mshike usimwachilie, maana wale wenye jibu la kila kitu ndio wenye ndovu.

Tulimpata mzee mmoja hivyo, tukawa tunamwita ami. Tulianza saa mbili asubuhi, na nakusisitizia hiyo saa mbili, maana ikifika saa tano jua la Mombasa halina huruma na wewe utakuwa unatazama kivuli badala ya majengo. Kama asubuhi huwezi basi baada ya alasiri. Ijumaa mchana usijaribu, watu wanaenda kuswali na wewe umesimama katikati ya njia na simu yako.

Ami alianza na Fort Jesus lakini hakuanza na Wareno, alianza na neno. Akatuuliza, gereza ni nini? Jela, tukasema. Akacheka. Akasema hilo neno limetoka kwa Wareno, kwao ni igreja yaani kanisa, na ndani ya ngome kulikuwa na kanisa, basi watu wa Mvita, ndio Mombasa yenyewe, wakawa wanaiita ngome nzima Gereza. Halafu Waingereza wakaja wakaifanya jela kwelikweli, kuanzia 1895 mpaka 1958, na neno likakaa hivyo. Mimi nina digrii na sikuwa najua hilo. Na leso pia ni neno lao, akasema, hiyo uliyojifunga nyumbani.

Ngome yenyewe ilijengwa 1593 mpaka 1596, mchoraji wake alikuwa Mtaliani, Giovanni Battista Cairati, akifanyia kazi Wareno, na ukiiangalia kwenye ramani ina umbo la mtu aliyelala chali. Waomani waliizingira kuanzia 1696, karibu miaka mitatu, watu ndani wanakufa kwa maradhi na njaa kuliko kwa risasi, mpaka ikaanguka mwishoni mwa 1698. Kuna meli ya Wareno iliyoleta msaada ikazama hapo hapo chini ya ngome 1697, Santo António de Tanna, vitu vilivyopigiwa mbizi kutoka humo viko kwenye makumbusho ndani. Usipite haraka hapo. Nilikaa kwenye ile vyungu na mizinga nikafikiria wale jamaa juu ukutani wanaiona meli yao inazama na wao ndio walikuwa wanaisubiri.

Lakini kusema kweli ngome sio kitu kilichonishika. Ukiwa na masaa matatu, ngome ipe moja tu, hayo mengine ingia ndani ya mji. Watu wengi wanafanya kinyume, wanamaliza nguvu zote ngomeni wakifika Ndia Kuu wanataka juisi na kiti.

Ndia Kuu kwanza, kwa wale wa bara mnaodhani ni jina la mtu, ndia ni njia kwa Kimvita. Njia kuu. Hapo ndipo ami alituambia, sasa acheni kutazama mbele, tazameni juu. Hilo tu. Miaka yote hiyo mimi natazama maduka na miguu ya watu na kinyesi cha paka, juu sijawahi. Juu ndiko mji uliko. Zile roshani za mbao zilizochongwa, nyingi ni kazi ya mafundi kutoka Gujarat na wenyeji waliojifunza kwao, mwisho wa karne ya 19 na mwanzo wa ya 20, na zile kimia za mbao zina kazi mbili, upepo uingie na mwenye kukaa ndani aone barabarani bila yeye kuonekana. Kuna roshani moja tulisimama chini yake, sauti ya mama ikatoka juu, "Mwatafuta nani?" Hatukumwona. Ami akamwamkia kwa jina la mwanawe, wakaulizana habari za mguu wa mtu fulani kwa dakika tano nzima, na hiyo pia ni sehemu ya ziara, usiwe na haraka.

Halafu kuta. Hapa ndipo nilipofunguka akili. Nyumba za zamani ni mawe ya matumbawe na chokaa, na chokaa yenyewe ni matumbawe hayo hayo yaliyochomwa, na dari ni boriti za mikoko. Sasa boriti haina urefu wa kutosha, mti wa mkoko ni kama mita tatu hivi ukishakatwa vizuri, kwa hiyo chumba hakiwezi kuwa kipana kuliko boriti, ndio maana vyumba vya nyumba za kale ni virefu na vyembamba kama behewa. Mti ndio uliochora nyumba. Nyanyangu alikuwa na chumba kama hicho na sisi tukilala mstari kama dagaa tukidhani ni umaskini.

Ami akakwaruza ukuta mmoja kwa kucha, unga ukatoka, akasema huu unapumua. Akaenda wa pili akaugonga, saruji. Akasema huu umezibwa pua. Maana ukipaka saruji juu ya matumbawe unyevu unabaki ndani, ukuta unavimba, plasta inabanduka vipande, halafu mwenye nyumba anaongeza saruji. Mwaka 2018 kaunti iliagiza majengo ya mjini yapakwe nyeupe na buluu, na mimi sitasema ni vibaya, kwa mbali panapendeza, picha zinatoka. Ila sasa nikiona ukuta mweupe uliovimba najua huko chini ya rangi kuna kesi.

Mlango nao una majina yake. Ule mti wa katikati unaogawanya mbao mbili unaitwa mfaa, mara nyingi ndio uliochongwa kuliko vyote. Milango yenye kizingiti cha juu kilichonyooka na ile yenye upinde wa nusu duara ni mikono tofauti, ya upinde inakuja baadaye na ina Uhindi ndani yake. Mingine ina maandishi ya Kiarabu, mingine ina mwaka wa Hijria, muulize anayekutembeza akusomee. Lakini mlango ni nyumba ya mtu. Piga hodi, omba ruhusa, na ukiambiwa hapana shukuru uondoke. Kuna binti siku hiyo hiyo tulimwona anajipiga picha ameegemea mlango, mwenyewe akafungua kwa ndani, karibu aangukie kwenye sufuria.

Msikiti wa Mandhry utauona kwa ule mnara wake wenye umbo la pia, inasemekana ni wa 1570 hivi na mpaka leo unaswaliwa, kwa hiyo sio makumbusho, vaa nguo za heshima na ukiwa si wa kuswali tazama kwa nje tu, kisima chake kiko ng'ambo ya barabara. Barabara hiyo sasa ni Sir Mbarak Ali Hinawy, aliyekuwa Liwali wa Pwani, zamani ikiitwa Vasco da Gama. Nilipenda hiyo. Mreno alifika hapa Aprili 1498, hakupokewa vizuri akaenda zake Malindi, na barabara pia mwishowe akanyang'anywa.

Ukishuka kuelekea majini kuna Leven House. Jina limetoka kwa meli ya Waingereza, HMS Leven ya Kapteni Owen, 1824, wakati Mazrui, ukoo uliokuwa ukitawala Mombasa, walitaka bendera ya Uingereza iwakinge na Seyyid Said, Sultani wa Oman. Ikadumu miaka miwili tu, na 1837 Seyyid Said akaichukua Mombasa. Baadaye nyumba hiyo ikawa makao ya ile kampuni ya Waingereza, Imperial British East Africa Company, mkubwa wao akiitwa William Mackinnon, na hapo ndipo nikapigwa na butwaa kwa sababu Marikiti, pale ninaponunua nazi na bizari, wazee wanaijua kama Mackinnon Market. Nimebeba mifuko pale miaka na miaka. Bandari ya kale iko karibu hapo, ila usitoe simu kupiga picha kabla ya kuuliza walinzi, wana ukali wao.

Mwisho tukatoka upande wa Treasury Square, Mahakama ya Kale ya 1902, sanamu ya Allidina Visram aliyekuja kutoka India kijana akafungua maduka mpaka Uganda. Hapo tulikuwa tumechoka, nitarudi. Zile pembe kubwa za ndovu zilizopindana juu ya barabara ya Moi Avenue hatukufika, ila kama hukujua ni alumini, na kabla yake kulikuwa na nyingine za 1952.

Tulimlipa ami tulichokubaliana na kidogo juu, akakataa ile ya juu akasema mninunulie kahawa. Tukakaa barazani, kahawa tungu na kashata, saa sita kasoro. Mwana wa mamangu mdogo akamuuliza lile ghorofa la vioo kule mbele limekaa mahali pa nini. Ami akaanza kuhesabu kwa vidole: nyumba ya fulani, kisima, mkwaju, chuo cha Kurani walichosomea yeye na kakake. Vidole vikaisha. Akaniangalia mimi, sio mgeni wangu, akaniambia, "Wewe njoo Jumamosi. Tutaanzia Kuze, na uje na daftari."