Shangazi wa Vitabu: "Nimesoma vitano, bado nipo palepale"

Barua ya kwanza mwezi huu imetoka Morogoro. Nimeifupisha, maana ilikuwa kurasa sita za daftari la shule, mbele na nyuma, na mengine yaliyomo ni ya kwake na Mungu wake.

SWALI: Shangazi, shikamoo. Nina miaka 34 na watoto wawili. Nilikuwa nauza mitumba ya watoto sokoni. Mwaka jana mwanangu alilazwa, nikala mtaji. Nikakopa laki tatu kausha damu, ile mikopo ya mtaani ya riba kubwa. Marejesho yakanishinda, nikakopa kwingine kulipa kule, kisha kwa tatu kulipa kwa pili. Wakaja na kirikuu, wakabeba godoro, friji ndogo na belo langu lililobaki, majirani wanatazama. Sasa niko kwa dada yangu, tunalala wanne chumba kimoja. Rafiki yangu amenipa vitabu vitano vya kuhamasisha, vile vya kuamini ndoto zako na kuwaza kitajiri. Nikisoma najisikia vizuri siku mbili, ya tatu nimerudi palepale. Je, kuna vitabu vya kweli vya mtu aliyetoka kwenye shida? Viwe vya Kiswahili, Kiingereza changu ni cha kuokoteza. Na hela ya kununua sina.

JIBU: Marahaba, mwanangu. Pole sana, hasa kwa hilo la majirani kutazama. Godoro hununuliwa jingine.

Nilikaa nyuma ya kaunta ya maktaba miaka ishirini na tisa kabla ya kustaafu. Watu wenye shida nawajua kwa namna wanavyoingia. Hawaendi kwenye rafu. Wanasimama kwanza chini ya feni, kama waliokuja kupoza jasho tu, halafu wanauliza kitabu kwa sauti ndogo, na mara nyingi sicho wanachokitaka.

Hivyo vitano ulivyopewa sivitukani, vimeuza na vitaendelea kuuza. Ila vina kasoro moja inayonikera. Ukurasa wa kumi mtu yuko shimoni, ukurasa wa kumi na moja yuko juu, kavaa suti. Alipandaje? Kamba alishushiwa na nani? Usiku wa kwanza alilala wapi, na asubuhi alikunywa chai ya nani? Hapo panarukwa. Na wewe, kwa barua yako nilivyoisoma, unapotaka kupaona ni hapo hapo panaporukwa. Ndiyo maana siku ya tatu unajikuta ulipokuwa.

Basi anza na kitabu chembamba kabisa: Wasifu wa Siti binti Saad, cha Shaaban Robert. Siti alizaliwa Fumba, Unguja, mwaka 1880, akapewa jina la Mtumwa, na jina hilo lilisema kila kitu kuhusu nafasi ya wazazi wake. Kwao walifinyanga vyungu. Yeye kazi yake ilikuwa kuvibeba kwenda kuviuza, na njiani anaimba ili watu wajue mwenye vyungu anapita. Hakusoma shule, kuandika hajui. Mwaka 1911 hivi akahamia mjini, na hapo piga hesabu, mwanangu: alikuwa mwanamke wa miaka thelathini na kitu, kama wewe. Huko mjini akampata mpiga ala aliyekaa naye akamfundisha kuimba kwa kufuata ala. Wakaja wengine, kina Mbaruk na Budda Swedi, ikawa taarabu. Mwaka 1928 alipanda meli kwenda Bombay kurekodi sahani za santuri. Ana miaka 48.

Wako waliomtungia maneno ya kumkejeli: kaja mjini kavaa kaniki, na lau si sauti angekula nini. Akawajibu kwa wimbo kwamba uzuri na ukoo si hoja, hasara ya mtu ni kukosa akili. Nakuelezea hili kwa sababu ya wale majirani zako.

Sasa namna ya kukisoma. Chukua kalamu na karatasi, chora mstari katikati. Upande mmoja andika kila mtu aliyemfungulia Siti mlango. Upande wa pili andika alichokuwa nacho mkononi wakati mlango unafunguliwa. Utaona jambo ambalo vile vitano havikukwambia. Sauti alikuwa nayo tangu Fumba, kwenye vyungu. Haikumtoa mpaka alipotokea mtu wa kukaa naye chini. Mtu na kitu, vyote viwili. Nimewafanyisha zoezi hili wasomaji wengi, na katika vitabu vinavyosema kweli sijaona ambacho upande wa watu ulibaki mtupu.

Cha pili ni Maisha Yangu na Baada ya Miaka Hamsini, cha huyohuyo Shaaban Robert, safari hii anajieleza mwenyewe. Na hapa niruhusu niseme la kwangu.

Mwaka 1996 nilifiwa na mume. Kabla ya arobaini, ndugu zake walishachukua cherehani, kitanda na baiskeli. Nikabaki na watoto watatu na mshahara unaokwisha tarehe kumi. Kitabu hiki nilikisoma pale kaunta, saa nane za mchana ambapo watu hawaji. Nilikuwa nimekitoa rafuni mara mamia kuwapa wengine, mwenyewe sijakifungua. Ninyi mnaomwona Shaaban Robert kwenye vitabu vya shule mnadhani alizaliwa mshairi mkuu. Alikuwa karani wa serikali, anahamishwa, mara Pangani, mara Mpwapwa, mara Tanga. Mkewe Amina akafariki, akamwachia watoto. Humo ndani mna utenzi aliomwandikia binti yake, wa Hati, na mwingine aliomwandikia mwanawe wa kiume, wa Adili. Mjane wa kiume, analea, usiku anaandika.

Sitakudanganya kwamba nilifarijika. Siku ile nililia mpaka mlinzi akaja kuuliza kama nimeibiwa. Lakini nilirudi nyumbani na swali. Huyu katika dhiki yake alikuwa na mistari michache kila usiku. Mimi nina nini? Nikapekua, nikaona nina kitu kimoja tu, kuamka mapema. Tangu utoto sijui kulala baada ya adhana ya alfajiri. Kesho yake nilikwenda kwa jirani yangu, mama mmoja wa Kidigo, nikamwomba chuma chake cha vitumbua. Alikuwa hakitumii, kilining'inia jikoni kwake miaka, na jikoni hapo nilikuwa naingia kila siku kuomba moto. Sikuwahi kukiona. Nilianza na kilo moja ya mchele na nazi mbili. Saa moja nimemaliza kuuza, saa mbili nafungua maktaba, vidole vinanuka iliki. Chuma kile nilikaa nacho miezi minane, na yule mama hakunidai hata kitumbua kimoja, ingawa nilimpelekea.

Kwa hiyo ukiniuliza kitabu kilinifanyia nini, jibu langu ndilo hilo: aliyenitoa ni jirani, kitabu kilinionyesha chuma.

Cha tatu kisome ukiwa umepata nguvu kidogo, maana kinauma: Utengano, cha Said Ahmed Mohamed, kilichotoka mwaka 1980. Maimuna anafungiwa ndani na babake, Maksuudi, mtu mwenye heshima zake za nje. Binti anapata upenyo, anatoroka, na anakotorokea ni kubaya kuliko alikotoka. Nakupa hiki makusudi. Mkopo wa pili na wa tatu ilikuwa ndiyo milango ya Maimuna: uliona uwazi ukapita, hukuuliza unatokea wapi. Si kwamba nakulaumu, mtoto alikuwa hospitali. Lakini soma uone Said Ahmed anavyoonyesha polepole, hatua kwa hatua, mtu anavyotoka kwenye kifungo akaingia kwenye kingine huku anaamini yuko huru.

Wengi watakwambia usome Kezilahabi. Namheshimu, hakuna aliyeitikisa riwaya ya Kiswahili kama yeye. Lakini Rosa Mistika na Kichwamaji niwekee kando kwanza. Vyote viwili vinaishia kwa mhusika mkuu kujiua, na mtu anayelala wanne chumba kimoja na deni kichwani hahitaji mwenza wa namna hiyo saa saba za usiku. Vitakusubiri. Na kama mawazo ya aina hiyo yameshakupitia hata mara moja, mwamshe dada yako usiku huohuo, usingoje kupambazuke.

Kuhusu hela: usinunue. Morogoro kuna maktaba ya mkoa. Nenda, kaa usome humohumo, utaratibu wa kuazima uulize kaunta. Na kama mhudumu atakukazia macho kwa sababu umekaa sana, mwambie Shangazi kakutuma. Hatanijua, lakini atasita.

Neno la deni, ingawa safu hii si ya fedha. Tangu sheria ya huduma ndogo za fedha ya mwaka 2018, mkopeshaji anatakiwa awe na leseni. Kabla ya kumlipa yeyote senti nyingine, omba kuona leseni yake na mkataba wako, ukahesabu vitu walivyobeba vina thamani gani. Nenda na mtu, usiende peke yako. Kisha muone ofisa maendeleo ya jamii wa kata akueleze habari ya mikopo ya halmashauri ya vikundi vya wanawake, isiyo na riba. Ila usiichukue kulipia kausha damu. Hapo utakuwa umerudi kwa Maimuna.

SWALI: Shangazi, hujambo? Mimi ni mwanafunzi wa kidato cha nne, Kilifi. Mwalimu wetu anaisifu sana Siku Njema ya Ken Walibora. Mimi naona bahati imezidi. Kijana anafiwa na mama Tanga, anakuja Kenya kumsaka baba asiyemjua, na anampata! Babangu aliondoka nikiwa darasa la pili na sidhani atarudi. Je, kitabu kama hiki hakitudanganyi?

JIBU: Sijambo, mwanangu, na umenifurahisha. Mwanafunzi anayebishana na kitabu ni bora kuliko kumi wanaokikariri kwa ajili ya mtihani.

Ndiyo, bahati imezidi. Mimi wa Tanga nakipenda kwa sababu ya Zainabu Makame, yule mama mwimbaji wa taarabu, hata kabla sijafika kwa baba. Lakini rudi ukisome ukiwa umemtoa baba. Jifanye hayumo kabisa. Utabaki na nini? Utabaki na Msanifu Kombo anayevuka mpaka akiwa hana mtu, anayekutana na wema na wabaya, na anayebebwa na jambo moja aliloliweza vizuri, lugha. Hicho ndicho kitabu. Baba kwa maoni yangu ni zawadi ambayo mwandishi alimpa mhusika wake kwa sababu alimpenda mno, na waandishi wana udhaifu huo.

Ukitaka alipoandika bila zawadi, tafuta Nasikia Sauti ya Mama, tawasifu yake. Tazama jina tu: mtu tuliyemjua kwa riwaya ya kumtafuta baba, alipokuja kuandika maisha yake mwenyewe, jalada akampa mama. Ukikimaliza niandikie, nataka ubishi wako.

SWALI: Shangazi, niko Muscat, nafanya kazi za ndani. Ijumaa napata saa tatu za kupumzika. Hela ya kitabu kimoja ipo, duka la vitabu vya Kiswahili sijaliona. Ninunue kipi?

JIBU: Mbali na Nyumbani, cha Adam Shafi. Ni safari yake mwenyewe ya ujana, alipotoka Unguja kwa kutoroka akitafuta elimu, akapita Kenya, Uganda na Sudani kuelekea Misri. Amekula kwa watu asiowajua, amelala asikokujua. Utacheka, na kucheka ndiko ninakokutakia, kwa sababu Adam Shafi hata akiwa na njaa anakusimulia kama yuko barazani.

Usikiagize kwa posta. Miongoni mwenu lazima yuko anayekwenda likizo nyumbani mwezi huu au ujao. Mpe hela na jina la kitabu kwenye karatasi, si kwenye simu, simu huisha chaji dukani. Mwambie akiviringishe ndani ya kanga katikati ya sanduku, mbali na chupa za mafuta ya nazi. Na mwambie asikisome kwenye ndege. Atakusimulia mwisho kabla hujafungua zipu.