Mshirika wa mauaji akisamehewa ili atoe ushahidi

SWALI: Assalaam alaykum sheikh. Sisi ni watu wa Lamu. Ami yangu aliuawa, watu watatu wakashtakiwa, na kesi iko Mahakama Kuu ya Garsen. Sasa mmoja wao amefutiwa mashtaka ili awe shahidi wa serikali dhidi ya wenzake. Amekiri kuwa yeye ndiye aliyemshika marehemu. Alionyesha mahali mkondoni, wapiga mbizi wakaitoa maiti imefungwa nanga vilevile alivyosema. Je, dini yaruhusu kulitegemea neno lake? Na sisi warithi tufanyeje?

JIBU: Wa alaykum salaam warahmatullah. Mwenyezi Mungu amrehemu ami yako.

Neno la mtu huyu lafaa kuwapeleka wachunguzi mahali pa kutafuta. Kumhukumu mwingine kwalo peke yake, hapana.

Anayoyasema juu ya nafsi yake ni ikirari, yaani kukiri kosa lake, na ikirari humfunga mwenye kukiri tu. Anayoyasema juu ya wenzake ni ushahidi, na huo una masharti. Katika mauaji yanayostahiki kisasi, yaani muuaji naye kuuawa, hutakiwa wanaume wawili waadilifu, wasio na tuhuma ya kujivutia manufaa wala kujikinga na madhara. Uadilifu ameuvunja kwa kinywa chake mwenyewe. Tuhuma nayo ndiyo hiyo ahadi aliyopewa: aseme, aokoke.

Huenda mtu akasema ametubu. Katika madhehebu yetu ya Shafi toba ya fasiki, yaani mtu aliyepoteza uadilifu kwa madhambi, hupimwa kwanza, na wengi wakaweka muda wa mwaka mmoja. Tena aliyeshiriki kuua toba yake haikamiliki mpaka ajitoe kwa wenye damu, yaani warithi wa aliyeuawa. Huyu kasamehewa na serikali. Kwenu je, alibisha hodi?

Hata hivyo Suratul Hujurat aya ya 6 haikusema habari ya fasiki itupwe, imesema ichunguzwe. Wanazuoni wetu wana mlango wa lauthi, yaani dalili inayotia dhana ya nguvu, na wametaja humo kauli ya mafasiki wakiwa kundi. Fasiki wako ni mmoja. Na hata lauthi ikipatikana, warithi huapa viapo 50, na kwa kauli mpya ya Imamu Shafi, yaani rai yake ya baadaye, hupata dia tu (fidia ya damu), hapana kisasi. Sahaba Abdullah bin Sahl alipokutwa ameuawa Khaybar, Mtume (s.a.w.) aliwaambia jamaa zake waape. Wakajibu: tutaapaje na hatukuona? Mtume akatoa dia ya ngamia 100 yeye mwenyewe. Hawakulaumiwa kwa kukataa.

Sheria ya Kenya ni pana zaidi. Kifungu cha 141 cha Sheria ya Ushahidi chamkubali mshirika awe shahidi, na hukumu haibatiliki kwa sababu tu imesimama juu ya neno lake. Lakini majaji wamezoea kutaka uthibitisho kutoka kwingine, na tangu kesi ya Baskerville kule Uingereza mwaka 1916 imewekwa wazi kuwa uthibitisho huo umguse mshtakiwa mwenyewe, usiishie kuonyesha kwamba kosa lilitendeka.

Hapo ndipo wengi huteleza, na naona nanyi mwaelekea huko. Nanga imepatikana, basi mwasema mtu huyu ni mkweli. Aijua nanga kwa sababu alikuwapo! Akitaka kumficha nduguye, ataondoa jina moja atie jingine, na nanga itabaki palepale, na fundo lilelile. Kinachohitajika ni kitu cha kuonyesha nani alishika upande wa pili wa kamba: simu ya mshtakiwa ilikuwa wapi usiku ule, mali ya marehemu iliyokutwa kwake, au mtu asiyehusika aliyewaona wakishuka gatini. Mshirika mwingine akisema yaleyale bado si uthibitisho wa kutosha, maana wamepanda mashua moja. Tazameni pia taarifa yake ya kwanza polisi. Majina aliyataja kabla ya kuahidiwa au baada?

Nyinyi semeni mlichokiona, msikifiche (Al-Baqara 283), wala msiape juu ya mlichosimuliwa. Chuki isiwatoe kwenye uadilifu (Al-Maida 8). Mwulizeni mwendesha mashtaka ana nini zaidi ya neno hilo. Sheria ya Kulinda Waathiriwa ya 2014 inawapa nafasi ya kusikilizwa. Msamaha wa serikali haufuti haki yenu mbele ya Mungu, ila haiwapi ruhusa ya kujichukulia kisasi kwa mikono yenu. Marehemu akiwa ameacha watoto wadogo, hakuna awezaye kusamehe kwa niaba yao.

Kwa Kadhi msiipeleke kesi hii, kwani Katiba imempa ndoa, talaka, mirathi na hali ya mtu tu. Ila kama huyo aliyesamehewa ni miongoni mwa warithi, suala la mirathi lipelekeni huko. Muuaji harithi, na kwa hilo ikirari yake yatosha.

Wallahu a'lam.