HR anataka niandike barua ya kuacha kazi. Jibu: KALAMU CHINI

Mkuu, hiyo barua usiiandike. Usiiandike leo wala kesho, hata kama HR (afisa rasilimali watu) amekuletea iliyokwisha kuchapwa, imebaki sahihi tu, na soda ya baridi pembeni.

Umesema mshahara ni 900,000, una miaka mitano kamili kazini, una mkopo wa benki wenye bima, ofisi inapunguza watu, na HR anakwambia "andika mwenyewe kuwa unaacha, tukupe mishahara miwili ya kifuta jasho, faili lako libaki safi." Faili litabaki safi kweli, maana halitakuwa na kitu ndani.

Fao la kukosa ajira la NSSF, mfuko wa hifadhi ya jamii hapa Tanzania, ni la aliyepoteza kazi. Aliyeacha mwenyewe halimhusu. Uwe umechangia si chini ya miezi 18 na hujafika miaka 55, unalipwa asilimia 33.3 ya mshahara kwa miezi 6. Kwako ni kama 300,000 kwa mwezi, yaani 1,800,000. Ukifika dirishani na karatasi inayosema "naomba kuacha kazi kwa hiari yangu", neno hiari limeshamaliza mazungumzo. Utaeleza mpaka sauti ikauke, lakini sahihi ni yako.

Sasa piga hesabu ya hiyo zawadi yake. Mwajiri akikupunguza, sheria inakupa notisi ya siku 28 au malipo yake, na kiinua mgongo cha mshahara wa siku 7 kwa kila mwaka uliotimia. Miaka mitano ni siku 35, zaidi ya 1,200,000. Jumlisha na notisi: umeshavuka 2,000,000 kabla hujagusa NSSF. Yeye anakupa 1,800,000 na anataka umshukuru! Watu wa aina hii wanajua wanachofanya. Waliponiambia mimi "ni utaratibu tu" walikuwa wanatabasamu, na mimi mjanja wa mjini nikaazima kalamu yao.

Bima ya mkopo nayo inakufa kwa barua hiyohiyo. Fungua karatasi uliyosainishwa siku ya mkopo, nenda moja kwa moja kwenye vighairi, yaani mambo ambayo bima hailipi. Kifo na ulemavu wa kudumu mara nyingi vimo. Kupoteza ajira huenda kumo, huenda hakumo, na mikataba mingine ya bima hulipa marejesho ya miezi kadhaa tu, si deni lote. Kwenye vighairi kwa kawaida utakuta kuacha kazi kwa hiari, kufukuzwa kwa utovu wa nidhamu, na mkataba kufika mwisho. Afisa mikopo atakwambia "bima inakava kila kitu". Kila kitu, isipokuwa kitakachokupata. Na hata madai yakiwa sahihi, usiache kulipa marejesho mpaka ushike barua ya kukubaliwa. Kujaza fomu si kusamehewa deni, na benki haisubiri kampuni ya bima imalize kikao.

Kwa hiyo mwambie HR aandike yeye. Barua iwe na tarehe ya mwisho wa kazi, sababu itajwe wazi kuwa ni kupunguzwa, sahihi na muhuri. Wakikuletea "makubaliano ya kuachana kwa hiari", ni nyoka yuleyule kavua gamba. Kabla hujarudisha kitambulisho cha ofisi, toa taarifa ya michango yako NSSF uilinganishe na salary slip mwezi kwa mwezi. Miezi iliyokatwa bila kupelekwa ndiyo hukwamisha faili, na ukishatoka getini hakuna mhasibu atakayepokea simu yako.

Wakikuachisha bila utaratibu, una siku 30 tangu tarehe ya kuachishwa kujaza fomu namba 1 ya CMA, tume ya usuluhishi wa migogoro ya kazi. Ukiwa ulishasaini kuacha, mzigo wa kuthibitisha kwamba ulilazimishwa unakuangukia wewe. Kama anakutumia meseji za kukuhimiza usaini, usizifute hata moja.

HR amekupa mpaka lini?