Jibu: Je, ubingwa wa vijana hutabiri nyota wa tenisi?

Ndugu, umeuliza kama ubingwa wa vijana unatosha kumtabiria mchezaji makubwa katika tenisi ya kulipwa. Kwa maoni yangu hautoshi, na ushahidi ninaoukumbuka zaidi ni fainali ya wasichana wawili wawili ya Wimbledon mwaka 2022, ambapo Mkenya Angella Okutoyi na Mholanzi Rose Marie Nijkamp walipoteza seti ya kwanza 3-6, wakachukua ya pili 6-4, kisha wakawashinda Wakanada Kayla Cross na Victoria Mboko kwa pointi 11-9 katika mchezo mfupi wa kuamua, uliochezwa badala ya seti ya tatu. Pointi mbili tu! Tulishangilia kwa haki, kwani hakuna Mkenya aliyewahi kutwaa taji la vijana la Grand Slam, yaani mashindano manne makubwa zaidi ya tenisi, kabla ya Okutoyi.

Tazama yaliyofuata. Mboko, ambaye wazazi wake walitoka Kongo, aliingia mashindano ya kulipwa ya Montreal, Kanada, mwaka 2025 kwa nafasi ya mwaliko akiwa na miaka 18, akamtoa nyota wa Marekani Coco Gauff, na katika fainali, mkono ukiwa umefungwa bendeji baada ya kuanguka kwenye nusu fainali, akamshinda nyota wa Japani Naomi Osaka 2-6, 6-4, 6-1. Okutoyi alikwenda kusoma na kucheza Chuo Kikuu cha Auburn, Marekani, na mwaka 2024 akatwaa dhahabu ya Michezo ya Afrika mjini Accra. Mimi simhesabu kuwa ameachwa nyuma, kwa sababu nauli, malazi na malipo ya kocha humwelemea sana mchezaji anayetoka kwetu, na chuo humpunguzia mzigo huo huku akiendelea kukomaa.